Yule chifu wa Kaizer Chiefs katokea Atlanta

Tarehe 22 Mei 2021 nilikuwa kibanda umiza kimoja huku Mbagala, Simba inarudiana na Kaizer Chiefs kwa Mkapa, robo fainali ya Klabu Bingwa Afrika, mnakumbuka hali ilivyokuwa. Wiki moja nyuma tumepigwa nne bila kule Soweto, nne jamani, na bado watu wamejazana kwenye mabenchi wanaamini kabisa kwamba inawezekana, feni moja inazunguka juu haimfikii mtu, jasho linatiririka. Bocco akafunga la kwanza, watu wakasimama hawakukaa tena. Kipindi cha pili Bocco huyohuyo akaweka la pili, mabati yakataka kung'oka. Alafu dakika za jioni Chama akaweka la tatu, hapo ikawa imebaki moja tu, moja tu twende kwenye matuta, na hiyo moja haikuja mpaka filimbi ya mwisho. Tatu bila, jumla 4-3, tukatoka.

Sasa katikati ya zile kelele kuna dogo mmoja alikuwa amekaa chini kwenye mkeka mbele yangu, umri kama miaka kumi hivi, akageuka akanivuta suruali, "Anko, eti huyo mtu wa manyoya kwenye jezi yao ni nani?" Nikamjibu ni chifu. "Chifu wa Wazulu?" Nikamwambia eee, chifu wa Wazulu, kaa uangalie mpira. Nilimjibu hivyo ili anyamaze, lakini usiku nimelala lile swali likanirudia maana hata mimi niliyeangalia ile nembo miaka yote sikuwahi kujiuliza. Chifu wa Kizulu havai vile. Yale manyoya marefu yaliyoshuka mpaka mabegani ni ya wenyeji wa asili wa Marekani, wale ambao kwenye sinema za zamani tulikuwa tunawaita Wahindi Wekundu. Sasa Mhindi Mwekundu Soweto kafikaje?

Nikaanza kusoma, na kila nilichosoma kikanipeleka kwenye kingine, mpaka leo hii ni mwaka wa kadhaa niko na hii stori na nimeona niiandike yote, maana ni stori ya timu moja ya Marekani iliyoishi miaka sita tu ikafa, inaitwa Atlanta Chiefs, na ndani yake kuna watu wetu ambao hatuwataji kabisa.

Ilianza hivi. Mwaka 1966 Kombe la Dunia lilipigwa Uingereza na Wamarekani wengi wakaiona fainali kwenye TV, matajiri wa kule wakaona hii kitu inaweza kuwa biashara. Tatizo wakaiona wote kwa pamoja. Wakatokea makundi mawili ya matajiri na kila kundi likaanzisha ligi yake, mwaka mmoja huohuo 1967, katika nchi ambayo mtu wa kawaida hajui hata kona ni nini. Ligi moja ilikuwa na baraka za FIFA lakini haikuwa na wachezaji, kwahiyo wakachukua timu nzimanzima kutoka nje wakazibadilisha majina, Wolves ya Uingereza ikafika kule ikaitwa Los Angeles Wolves, Stoke City ikaitwa Cleveland Stokers, yani wachezaji walewale na kocha yuleyule, jina tu ndio jipya. Ligi ya pili, ile ya kina Atlanta, haikutambulika FIFA kabisa, waliitwa ligi haramu, mchezaji anayesaini kule alikuwa anajua anaweza kufungiwa, lakini wao walikuwa na mkataba na televisheni ya CBS, na walisajili mchezaji mmoja mmoja wakajenga timu zao kuanzia chini.

Na ile TV nayo ilikuwa na mambo. Mpira wetu hauna sehemu ya kusimama kuweka tangazo la sabuni, dakika 45 mfululizo, wenzetu wamezoea michezo inayosimama kila saa. Wakafanya nini, wakawafunga marefa kifaa cha kupigia mlio, mtu wa TV akitaka tangazo anabonyeza, refa anatafuta namna ya kusimamisha mpira. Refa mmoja anaitwa Peter Rhodes alikuja kukiri kwamba kwenye mechi moja aliyochezesha alipiga faulo 21, na kati ya hizo 11 zilikuwa za kupisha matangazo. Hebu fikiria straika umemzidi beki mbio, umebaki na kipa, filimbi inapulizwa kwa sababu kuna tangazo. Hata pointi walizibadilisha, ukishinda unapata 6, sare 3, na kila goli linakuongezea pointi moja mpaka magoli matatu, eti ili watu washambulie.

Atlanta wao walikuwa na sababu yao tofauti kidogo. Mji ulijenga uwanja mkubwa uliofunguliwa 1965, na mwaka uliofuata wakaileta timu ya besiboli ya Braves kutoka Milwaukee. Timu ya besiboli nusu ya msimu iko safarini, kwahiyo uwanja unabaki mtupu na gharama ziko palepale. Bosi mmoja wa Braves, Dick Cecil, akaona waanzishe timu ya mpira wa miguu iutumie uwanja siku hizo. Na hapo ndipo jina lilipotokea. Braves ni wale wapiganaji wa Wahindi Wekundu, sasa timu ndogo ya wapiganaji utaiitaje, wakaiita Chiefs, machifu. Hakuna Uzulu hapo wala Usotho. Ni mdogo wake timu ya besiboli.

Kocha wakamleta Phil Woosnam, mtu wa Wales, alichezea Aston Villa na timu ya taifa ya Wales, na alikuwa msomi wa fizikia, aliwahi hata kuifundisha shule. Mimi huyu mtu nimempenda sana nilivyomsoma. Alijua kwamba hawezi kusubiri watu waje uwanjani kuangalia kitu wasichokijua, kwahiyo kazi yake na ya wachezaji wake haikuishia mazoezini, walikuwa wanazunguka mashuleni na kwenye viwanja vya mitaani kuwaonyesha watoto jinsi ya kupiga mpira. Watoto wa Atlanta wakati huo mpira wanaoujua ni ule wa kushika mkononi. Mtu aliyecheza fainali ya FA Uingereza anasimama mbele ya watoto wa shule anawaelekeza kupiga danadana.

Na hilo la fainali ya FA silitii chumvi. Kwenye kikosi chake kulikuwa na Peter McParland wa Ireland ya Kaskazini, aliyeifungia Aston Villa magoli yote mawili ile fainali ya 1957 walivyoifunga Manchester United. Kulikuwa na Vic Crowe, nahodha wa zamani wa Wales, naye wa Villa. Waingereza na watu wa Wales wachache, Wajamaika, kati yao kijana mdogo anaitwa Allan Cole ambaye baadae alikuja kuwa rafiki wa karibu wa Bob Marley, yule mnayemsikia kama Skill Cole. Beki Willie Evans kutoka Ghana. Na hapa sasa ndipo nilipokaa vizuri kwenye kiti, kulikuwa na Wazambia. Freddie Mwila, Emment Kapengwe na Howard Mwikuta. Zambia imepata uhuru Oktoba 1964, nchi haina hata miaka minne, na tayari vijana wake wanacheza mpira wa kulipwa Marekani.

Mwila alitokea Rhokana United ya Kitwe, timu ya watu wa migodi ya shaba. Ukisikia Rhokana huenda isikwambie kitu, lakini hiyo ndiyo Nkana ya leo, ndio ileile Nkana ambayo Simba tuliitoa Desemba 2018, kwao tukafungwa 2-1, tukaja Dar tukawapiga 3-1, Chama akamalizia kwa kisigino dakika za mwisho na uwanja wote ukapagawa. Na Chama ni Mzambia. Mimi nilivyoligundua hilo nilibaki nimeshika simu naangalia tu. Yani ile timu ya Amerika ya miaka ya sitini imetugusa mara mbili bila sisi kujua, mara moja kupitia Kitwe tukapita kwa jumla ya 4-3, mara nyingine kupitia Soweto tukatolewa kwa jumla ya 4-3 hiyohiyo.

Ule ukanda wa shaba wakati huo ulikuwa moto kwelikweli. Upande wa pili wa mpaka pale Lubumbashi kulikuwa na Englebert, ndio TP Mazembe ya sasa, wakabeba ubingwa wa Afrika 1967 na 1968 mfululizo. Kwahiyo Woosnam kutafuta wachezaji Zambia hakuwa anabahatisha.

Na ni Zambia ndiko alikompatia Kaizer Motaung. Motaung ni mtoto wa Orlando East, Soweto, kazaliwa Oktoba 1944, kaanza kuchezea Orlando Pirates akiwa na miaka 16. Mchezaji mzuri kiasi gani hakikumsaidia kitu pale kwao, Afrika Kusini ya ubaguzi ilikuwa na ligi za weupe peke yao, weusi peke yao, Wahindi peke yao, na FIFA ilikuwa imeifungia nchi kwa ajili hiyohiyo, kwahiyo hata timu ya taifa hakuna. Kijana mweusi wa Soweto mwisho wake ni Soweto. Akavuka kwenda Zambia kwenye majaribio, na inasemekana hata hakuonyesha kiwango chake siku hiyo, lakini Woosnam aliona kitu akamwambia njoo Amerika.

Akaenda 1968. Sasa ebu tuangalie mwaka wenyewe na mji wenyewe. Atlanta ni kwao Martin Luther King, na King aliuawa Memphis tarehe 4 Aprili 1968, tarehe 9 wakamzika Atlanta, maelfu kwa maelfu ya watu wakatembea kwa miguu nyuma ya mkokoteni wa nyumbu uliobeba jeneza. Sheria ya kukataza kubagua watu kwenye mahoteli na migahawa ilikuwa na miaka minne tu tangu isainiwe. Na kwenye mji huohuo, mwaka huohuo, timu inaingia uwanjani weusi kwa weupe wanapeana pasi, Mzambia na mtu wa Wales na Mjamaika na mtoto wa Soweto, chumba kimoja cha kubadilishia nguo. Motaung ambaye kwao ni marufuku kucheza timu moja na mzungu, huku anacheza nao na anashangiliwa. Mimi kwenye stori nzima hapa ndipo panaponigusa zaidi na nimeshindwa kupita haraka.

Msimu wa 1968 zile ligi mbili zikaungana baada ya wote kula hasara, ikazaliwa NASL, yani Ligi ya Soka ya Amerika Kaskazini, yenye timu 17. Na Mei mwaka huo Manchester City wakaja Marekani kwenye ziara. City ndio kwanza wametoka kubeba ubingwa wa Uingereza, siku kumi na kitu tu zimepita, kocha Joe Mercer na msaidizi wake Malcolm Allison. Wakapangiwa mechi ya kirafiki na Atlanta Chiefs tarehe 27 Mei, uwanjani watu 23,141. Chiefs wakashinda 3-2.

Allison hakukubali. Akawaponda, akasema hiyo timu Uingereza hata daraja la nne haifai, na watu wa Atlanta nao hawakunyamaza, wakawapa nafasi ya kurudi kulipa kisasi. City wakarudi Juni 15, uwanja uleule, watu wakaongezeka. Chiefs wakashinda tena, 2-1. Mara mbili ndani ya mwezi mmoja, mabingwa wa Uingereza wanapigwa na timu yenye umri wa mwaka mmoja na ndani yake kuna vijana wa Kitwe. Najua City walikuwa wamechoka na wana majeruhi, msimu mrefu, safari ndefu, hiyo nakubali. Lakini mara ya pili walikuja wenyewe kwa hasira zao.

Mwezi Agosti akaja Pele na Santos yake, hapo Chiefs wakala 6-2, sawa tu, Santos ile ilikuwa inafunga kila mtu duniani.

Motaung alimaliza msimu na magoli 16 na akapewa tuzo ya mchezaji bora mpya wa ligi. Fainali wakakutana na San Diego Toros, timu iliyokuwa na Vava, Mbrazil aliyebeba Kombe la Dunia mara mbili 1958 na 1962. Kule San Diego 0-0. Kurudi Atlanta mwishoni mwa Septemba, Chiefs 3, Toros 0, na Motaung akiwa mmoja wa wafungaji. Ubingwa. Huo ndio ubingwa wa kwanza mji wa Atlanta kuupata kwenye ligi kubwa yoyote ya kulipwa, iwe besiboli, iwe kikapu, iwe ule mpira wao wa kofia ngumu. Braves wenye uwanja wao wenyewe walikuja kuupata 1995. Sasa ukienda kutafuta picha za mabingwa wa Atlanta utakuta Braves wamejaa kila mahali, na hawa wa 1968 wako pembeni kama wageni.

Na baada ya ubingwa, miezi michache tu, kila kitu kikaanguka. CBS wakajitoa maana watu hawaangalii, matajiri wakahesabu hasara zao wakafunga mabegi. Ligi ya timu 17 ikabaki na timu 5. Tano! Atlanta, Kansas City, Dallas, Baltimore na St. Louis, basi. Woosnam akaacha ukocha akachukua kazi ya kuiongoza ligi yenyewe iliyo mahututi, na ofisi ya ligi nzima ya Marekani ikawa chini ya uwanja wa Atlanta, vyumba vya chini kule, yeye na Mwingereza mmoja mwandishi wa habari wa zamani anaitwa Clive Toye, wawili hao na simu. Toye ndiye baadae alienda New York Cosmos na kumsajili Pele 1975. Watu wakizungumzia mpira Marekani wanaanza na Pele na Cosmos, lakini kama si wale watu wawili kwenye chumba cha chini pale Atlanta hakuna ligi ya kumpokea huyo Pele.

Mwaka 1969 hali ilikuwa mbaya mpaka nusu ya kwanza ya msimu wakarudia ile staili ya kukodi timu za Uingereza na Scotland ziwachezee. Atlanta ikachezewa na nani? Aston Villa. Ilikuwa lazima iwe Villa, Woosnam Villa, Crowe Villa, McParland Villa. Na njia hiyo ilikuwa na pande mbili, mwaka huohuo Mwila na Kapengwe wakaenda Villa yenyewe, Birmingham, kocha akiwa Tommy Docherty. Hawakucheza mechi nyingi, chache sana, lakini walivaa jezi ya Aston Villa 1969, Wazambia wawili, wakati huo kwenye mpira wa Uingereza Mwafrika unamtafuta kwa tochi. Leo mtu akiuliza Waafrika wa kwanza kucheza Uingereza watu wa huku wanakimbilia miaka ya tisini.

Nusu ya pili Chiefs wenyewe wakacheza, wakakosa ubingwa kwa pointi moja tu nyuma ya Kansas City Spurs. 1971 wakaingia fainali tena wakafungwa na Dallas Tornado. Msimu wa 1972 ndio ukawa wa mwisho kwa jina lile, Braves wakachoka wakauza timu kwa watu wa kikapu, wenye Hawks, wakaibadilisha jina ikaitwa Apollos, wakahamia uwanja wa chuo, wakacheza msimu mmoja wa 1973 na kufunga. Kuna Chiefs nyingine ilifufuliwa 1979 na Dick Cecil yuleyule pamoja na Ted Turner, yule tajiri wa CNN, hiyo nayo ikafa 1981. Na cha ajabu hiyo ya pili nayo ilikuwa na watu wa Soweto, Jomo Sono alipita pale, na Sono huyu kabla ya hapo alikuwa New York Cosmos, na aliporudi nyumbani akanunua timu akaiita Jomo Cosmos. Mnaona? Huyu katoka na Chiefs, yule katoka na Cosmos. Ligi ya Wamarekani ilicheza msimu wake wa mwisho 1984 lakini majina ya timu zake yakabaki Johannesburg yanacheza.

Turudi kwa Motaung maana ndipo ninapotaka kufika. Msimu ukiisha kule alikuwa anarudi nyumbani. Kwenye moja ya likizo hizo akakuta Orlando Pirates kuna mgogoro mkubwa, wachezaji wamefukuzwa, viongozi hawaelewani. Akakusanya watu wakaunda kikosi cha kucheza mechi za kirafiki, kiliitwa Kaizer XI, wakaanza kujaza viwanja kwa sababu watu wanataka kumuona huyu kijana aliyetoka Amerika. Na tarehe 7 Januari 1970 ikawa timu rasmi, Kaizer Chiefs. Jina lake yeye la kwanza, na jina la timu yake ya Atlanta, na kile kichwa cha chifu wa manyoya kikaja nacho.

Alikuwa na miaka 25 tu. Pirates ni timu ya kwao, ya mtaani kwao, timu ya tangu 1937, na watu wengi walimuona msaliti. Wenzake kwenye kuijenga ile timu walilipa gharama kubwa, meneja wao Ewert Nene, aliyekuwa na sifa ya kumshawishi mchezaji yeyote, alichomwa kisu akafa mwaka 1976 akiwa ameenda kumsajili Nelson Dladla. Kwa ajili ya usajili wa mchezaji mmoja. Dladla akaja, akawa nyota.

Na angalia jina lilivyotembea baada ya hapo. Soweto wakaliita kwa lugha yao, Amakhosi, machifu, kwahiyo jibu nililompa yule dogo limekuja kuwa nusu kweli kwa mlango wa nyuma. Kisha Lucas Radebe akatoka Kaizer Chiefs akaenda Leeds United, Leeds wakampenda mpaka vijana wa kule walioanzisha bendi ya muziki wakajiita Kaiser Chiefs. Wapiganaji wa Wahindi Wekundu, timu ya besiboli, timu ya mpira ya Atlanta, Soweto, Leeds, bendi ya roki. Na timu yenyewe iliyolizaa jina haipo tangu 1972. Hata uwanja walioufungia City haupo, waliulipua kwa baruti Agosti 1997 na eneo likafanywa parking ya magari. Hapohapo kuna kumbukumbu ya Hank Aaron wa Braves, mahali mpira wa home run yake ya 715, yani pigo linalotoa mpira nje ya uwanja, ulipopita juu ya ukuta 1974, na anastahili kabisa.

Julai 2024 Yanga walienda Bloemfontein kucheza na Kaizer Chiefs, ile mechi ya Toyota, wakawapiga nne bila. Mimi ni Simba lakini niliangalia, kibanda kilekile, na yule dogo yupo, amerefuka, sauti imeanza kukwaruza, sasa hivi yeye ndiye anakusanya hela mlangoni. Wakati wa mapumziko nikamwita nikamwambia unakumbuka uliniuliza kuhusu yule mtu wa manyoya, nilikudanganya. Nikampa stori yote, Atlanta, Man City mara mbili, Motaung, mpaka watu wa pembeni wakasogea kusikiliza, mzee mmoja shabiki wa Yanga akawa ananiulizauliza maswali. Dogo akaniuliza huyo Motaung bado yupo, nikamwambia yupo, ndiye mwenyekiti. Akakaa kidogo akauliza tena, "Sasa wale Wazambia, wao hawakuanzisha timu?"

Hawakuanzisha. Mwila alirudi akaja kuwa kocha wa timu ya taifa ya Zambia, Kapengwe alifariki 1988, na Mwikuta nimemkuta kwenye orodha za wachezaji tu, jina lake na basi. Kama kuna mtu anasoma hapa yuko Kitwe, Ndola, Lubumbashi, au ana babu aliyefanya kazi migodini miaka ya sitini na alikuwa anaenda kuangalia Rhokana, naomba umkalishe umuulize kuhusu hawa watatu, umrekodi hata kwa simu, alafu nitumie. Nitaandika yote kama atakavyosema.